Ann Dowd: Sura Iliyojulikana Kabla ya Jina

Mwigizaji huyu wa Marekani nusura awe daktari. Ann Dowd alizaliwa mwaka 1956 mjini Holyoke, Massachusetts, akasoma masomo ya kumwandaa kwa udaktari katika chuo cha Holy Cross, akamaliza mwaka 1978. Badala ya kuendelea na udaktari alikwenda Chicago kujifunza kuigiza, huku akihudumia meza mgahawani ili apate riziki. Sisi wauguzi tunaona hospitali ilikosa mtu.

Aliolewa na mwigizaji mwenzake, wakalea watoto watatu. Kwa miaka mingi watazamaji waliijua sura yake tu: dada wa mgonjwa katika Philadelphia (1993), mama wa fulani katika filamu nyingine.

Mwaka 2012 ikatoka Compliance, filamu ya fedha kidogo, isiyo ya makampuni makubwa ya Hollywood. Alilipwa dola 100 kwa siku. Yeye ni meneja wa mgahawa. Mtu anayejifanya polisi anampigia simu na kumwamuru ampekue msichana wa kazi, naye anatii, amri moja baada ya nyingine. Kisa kimetokana na tukio la kweli la Kentucky, mwaka 2004. (Msiitazame pamoja na watoto.) Meneja huyo si mkatili, amezoea tu kuwatii wakubwa, na hapo ndipo tulipotetemeka.

Fedha za kuitangaza kwa wapiga kura wa Oscar hazikuwepo. Dowd akatumia dola 13,000 zake mwenyewe kuwapelekea nakala. Hakuteuliwa. Fedha ya nyumba yenye watoto! Sisi tusingethubutu. Hata hivyo, kazi zilizidi kumjia, na mwaka 2017, akiwa na miaka 61, alipata tuzo ya Emmy kwa tamthilia ya The Handmaid's Tale.

Tunayoipenda zaidi ni Mass ya mwaka 2021, nayo filamu ndogo. Wazazi wanne wanakutana katika chumba cha kanisa. Wawili waliuliwa mtoto wao shuleni. Wawili ni wazazi wa aliyeua. Dowd ni Linda, mama wa muuaji. Anafika na maua kwa ajili ya mama mwenzake. Bado anampenda mwanawe, na kulitamka hilo mbele ya wafiwa kunamtoa jasho. Nafasi hiyo ilimfanya ateuliwe kugombea tuzo ya BAFTA ya Uingereza.

Sisi tuliouguza majeruhi, tukamwona mama wa mkosaji amekaa mwisho wa benchi bila wa kumsalimu, tulimtambua Linda mara moja.