Mafuta Salama kwa Ubao wa Kukatia Nyama na Mboga

Ubao wa kukatia ukikauka kupita kiasi hupasuka. Maji ya nyama huingia kwenye nyufa ambazo brashi haifiki, na viini vya magonjwa huzaliana humo. Ndiyo maana ubao hupakwa mafuta, usifyonze maji. Lakini si kila mafuta yanafaa, kwani kinachopakwa kwenye ubao huweza kuishia kwenye chakula.

Wakazi wanashauriwa wasitumie kamwe oili chafu ya gari, ambayo wengine hupaka mbao za ujenzi kuzuia mchwa. Oili hiyo hubeba mabaki ya madini na kemikali hatari. Mafuta ya linsidi "yaliyochemshwa" yanayouzwa hadiwea pia yaepukwe, kwa kuwa mengi huongezwa kemikali za kuyakausha haraka.

Mafuta ya kupikia, kama ya alizeti au mahindi, hayana sumu. Hata hivyo, yakikaa kwenye ubao huharibika, hunata na kunuka. Mafuta ya nazi huchukua muda mrefu zaidi kuharibika.

Yanayofaa zaidi ni likwidi parafini ya duka la dawa, ile inayonywewa kulainisha choo. Haina rangi wala harufu, na haiharibiki upesi. Mnunuzi ahakikishe lebo inaonyesha kuwa ni ya kunywa, na asiichanganye na mafuta ya taa, ambayo wengi pia huyaita parafini. Mafuta ya taa ni sumu. Mafuta ya watoto yenye manukato nayo hayafai.

Namna ya kupaka:

• Osha ubao kwa sabuni na maji moto, usuuze, kisha uusimamishe ukauke usiku kucha.
• Paka mafuta pande zote kwa kitambaa safi.
• Uache hadi asubuhi, halafu ufute yaliyobaki juu.
• Rudia kila mwezi, au ubao unapoanza kupauka.

Mafuta hayaui viini. Ubao lazima uoshwe kila baada ya kutumiwa, na wa nyama mbichi uwe tofauti na wa kachumbari, ambayo huliwa bila kupikwa. Ubao wenye nyufa zisizosafishika hauokolewi na mafuta, utolewe jikoni.

Kwa ushauri zaidi, wakazi na wenye hoteli wanaweza kumwona afisa wa afya ya umma katika wadi yao.