Kesi ya Chakula Ikichelewa, Ushahidi Huoza

Maziwa yakishukiwa kutiwa maji, afisa wa afya ya umma huchukua sampuli ikapimwe. Lakini maziwa hayadumu. Mashtaka yakikawia miezi kadhaa, sampuli huharibika na muuzaji hukosa njia ya kuonyesha kwamba bidhaa yake ilikuwa safi.

Kifungu cha 50(2) cha Katiba kinasema mshtakiwa hana hatia hadi ithibitishwe vinginevyo. Kesi yake ianze na kumalizika bila kucheleweshwa kupita kiasi. Ajulishwe mapema ushahidi utakaotumiwa, na awe na nafasi ya kuupinga.

Nchini India, muuza mtindi mmoja alishtakiwa takriban miezi minane baada ya sampuli kuchukuliwa. Alipoomba ipimwe tena, kama sheria ya huko ilivyomruhusu, ilikuwa imeoza. Mwaka wa 1966 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ilisema hangeweza kuhukumiwa kwa ripoti ya kwanza, kwani upande wa mashtaka ndio uliomkosesha haki hiyo kwa kuchelewa.

Uamuzi huo haufungi mahakama zetu, lakini funzo lake linatuhusu. Kesi ikianguka kwa kuchelewa, mteja aliyeuziwa chakula kibovu naye hukosa haki.

Mfanyabiashara, sampuli ikichukuliwa kwako, andika tarehe na utunze risiti za mzigo. Ukishtakiwa, omba nakala ya ripoti ya maabara mapema. Ukitaka kipimo kingine, mweleze hakimu mara ya kwanza unapofika kortini.