Dawa mseto, saa na mafuta

Mtu mzima mwenye uzito wa kilo 35 na kuendelea hupewa vidonge 24 vya dawa mseto ya malaria, ile ya artemetha na lumefantrini tunayoiita ALu. Humeza vinne kila mara, mara sita, ndani ya siku tatu. Wengi humeza vinane au kumi na viwili vya mwanzo, homa ikashuka, hamu ya chakula ikarudi, na vilivyobaki vikawekwa kabatini kungoja homa nyingine. Nimekaa dirisha la dawa muda wa kutosha kujua kwamba wanaofanya hivyo si wazembe. Wamefikiri kwa njia inayoeleweka: dawa ni ya homa, na homa imekwisha. Wasichoambiwa ni kwamba ndani ya kidonge kile kimoja mna dawa mbili, na ile inayoshusha homa siyo inayomaliza ugonjwa.

Artemetha hutokana na artemisinini, kiini cha mmea wa Artemisia annua, wa jamii ya pakanga. Mwanasayansi wa China, Tu Youyou, na wenzake walifanikiwa kukikamua mwanzoni mwa miaka ya 1970, na kazi hiyo ikampatia Tuzo ya Nobel mwaka 2015. Kimelea cha malaria huishi ndani ya chembe nyekundu ya damu na kula himoglobini iliyomo, na katika kula huko huachia chuma. Molekuli ya artemetha ina kiungo cha atomi mbili za oksijeni. Kiungo hicho kikikutana na chuma kile huvunjika, na vipande vyake huharibu protini za kimelea huku na huku. Mlo wa kimelea wenyewe ndio unaoiamsha dawa.

Huua haraka kuliko dawa nyingine za malaria tulizo nazo, lakini haikai. Baada ya saa mbili tatu nusu yake imeshaondoka kwenye damu. Vimelea navyo huzaana kwa mzunguko wa saa 48, na katika kila mzunguko dawa za jamii hii zinaweza kuvipunguza hadi mara 10,000. Tuseme mgonjwa ana vimelea bilioni 10. Baada ya mzunguko wa kwanza vinabaki milioni moja, na mgonjwa anajisikia mzima. Baada ya wa pili vinabaki mia. Anayeacha dawa siku ya pili ameacha milioni moja hai, naye yuko shambani au kazini kama kawaida. Anayemaliza dozi bado ana vile mia, na hivyo ndivyo fungu la lumefantrini, dawa ya polepole ambayo nusu yake huchukua siku tatu hadi sita kuondoka mwilini. Ndiyo maana watafiti wanaotaka kujua kama mgonjwa atapona kabisa hupima kiwango cha lumefantrini kwenye damu siku ya 7, siku nne baada ya kidonge cha mwisho kumezwa.

Ratiba ya ALu inataka uangalifu. Dozi ya pili huja saa nane baada ya ya kwanza, ya tatu hutimia saa 24 tangu ya kwanza, kisha kila baada ya saa 12. Aliyeanza saa mbili asubuhi anameza tena saa kumi jioni, halafu saa mbili asubuhi na saa mbili usiku kwa siku mbili. Shida humpata aliyepewa dawa kituoni saa kumi jioni: dozi yake ya pili inaangukia saa sita usiku, nyumba nzima imelala. Aamshwe. Hapo mwanzoni vimelea ni vingi mno na artemetha ya jioni imeshakwisha damuni.

Kuhusu chakula nitasema zaidi, kwa sababu ndipo dawa nyingi nzuri inapopotea bure. Lumefantrini haiyeyuki vizuri kwenye maji, hupenda mafuta. Katika majaribio kwa watu wenye afya, mlo wenye mafuta mengi uliongeza kiasi kilichoingia kwenye damu hadi mara 16 kuliko kumeza tumbo tupu. Mtu aliyemeza vidonge vyote 24 kwa chai ya rangi na maji anaweza kuwa amepata sehemu ndogo sana ya dawa aliyopewa, na wa kulaumiwa hapo ni sisi tuliomwambia tu "kutwa mara mbili" tukamwita anayefuata. Jambo la kufurahisha ni kwamba mafuta yanayotakiwa ni kidogo. Utafiti mmoja ulionyesha kuwa gramu 1.2 tu zilitosha kuifikisha dawa karibu na kilele chake. Nusu kikombe cha maziwa yasiyoondolewa mafuta kina zaidi ya hizo. Uji wenye karanga, maharage ya nazi, kipande cha parachichi, andazi: vyote vinafaa. Kwa mtoto mchanga, titi la mama linatosha. Na kwa kuwa mgonjwa wa siku ya kwanza mara nyingi hana hamu ya kula, asilazimishwe sahani ya wali, mpeni maziwa. Akitapika ndani ya saa moja, dozi irudiwe.

Mapambano mengine hutokea kwenye ini. Huko kuna vimeng'enya vinavyovunja dawa, na dawa nyingine huviongeza. Rifampisini ya kifua kikuu, ile inayogeuza mkojo kuwa wa rangi ya machungwa, ni kinara wa jambo hilo. Kwa anayeitumia, lumefantrini hupungua kwa takriban theluthi mbili na artemetha kwa karibu tisa ya kumi, hata akila vizuri na kufuata saa. Athari hiyo hubaki wiki mbili hivi baada ya rifampisini kusimamishwa. Efavirenzi ya VVU pia huishusha lumefantrini, ingawa si kwa kiasi hicho. Wengi sasa wamehamia dolutegravia, ambayo haina ugomvi mkubwa na ALu. Mwenye matatizo ya mapigo ya moyo, au anayetumia kwinini au erithromisini, aseme kabla ya kupewa, maana dawa hizo zikikutana zinaweza kuuvuruga mwendo wa moyo.

Maudhi ya ALu yenyewe ni kichwa kuuma, kizunguzungu, kichefuchefu na uchovu, ambayo ni malaria ile ile ukiitazama, kwa hiyo wengi huilaumu dawa kwa kazi ya ugonjwa.

Tanzania ilifikia dawa mseto mwaka 2006 baada ya klorokwini kushindwa na SP, dawa iliyochukua nafasi yake, kuanza kuchoka. Sasa vimelea vyenye mabadiliko ya kijeni yanayovisaidia kustahimili artemisinini vimeonekana Rwanda, Uganda na mkoani Kagera. Artemetha ikianza kuua polepole, mabaki anayoachiwa mwenzake yanakuwa mengi zaidi ya vile mia, na kila lumefantrini iliyopotea kwa chai ya rangi inaonekana.

Homa ikirudi wiki mbili au tatu baada ya dozi, usianze vidonge vya kabatini. Nenda kituoni na utaje tarehe uliyomaliza dawa. Kipimo cha haraka cha tone la damu kinaweza kuonyesha malaria hata kama umepona, kwa kuwa aina inayotumika zaidi hutafuta protini ya kimelea inayobaki damuni kwa wiki kadhaa baada ya vimelea kufa. Omba damu itazamwe kwa darubini.