Samansi Isiyokupa Nafasi ya Kujibu

Mfanyabiashara akipelekewa samansi ya kawaida, hukimbilia kwa wakili, majibu ya utetezi yakaandikwa na kesi ikaanza. Ipo samansi nyingine, karatasi ni ileile na muhuri ni uleule, ambayo ukiijibu hivyo umejimaliza. Hiyo hutolewa chini ya Amri ya XXXV ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya Tanzania, Sura ya 33, na kwa hiyo mdaiwa haruhusiwi kujitetea mpaka mahakama impe kibali. Asipokiomba ndani ya siku 21, yote yaliyomo kwenye hati ya madai huhesabiwa kuwa ameyakubali, na mdai hupewa hukumu bila shahidi hata mmoja kupanda kizimbani.

Si kila deni hupitia njia hii ya muhtasari. Imewekewa madai ya hundi na hati za ahadi ya malipo, mikopo yenye rehani, kodi ya mapato, na madeni yanayodaiwa na Serikali na halmashauri. Hata madai ya shirika la umeme, TANESCO, yametajwa. Asili yake ni sheria ya Uingereza ya 1855 iliyowalenga wadaiwa wa hati za malipo waliochezea muda mahakamani. Ikaingia India, na kutoka kwenye kanuni za India za 1908 tukairithi sisi, tulipotunga sheria yetu mwaka 1966. Hoja yake haina ubaya: aliyesaini hundi kwa mkono wake aeleze kwanza kwa nini hajalipa, ndipo muda wa mahakama utumike.

Maelezo hayo hutolewa kwa kiapo, na hapo ndipo wengi huanguka. Tuseme umetoa hundi ya shilingi milioni 48 kwa saruji, nusu ya mzigo ikafika imelowa. Ukiapa kwamba "madai yote nayakana na mdai athibitishe", hujasema kitu. Lakini ukitaja tarehe mzigo ulipoingia ghalani, idadi ya mifuko uliyoikataa, na ukaambatanisha barua uliyomwandikia muuzaji wiki hiyo, umempa jaji jambo la kusikilizwa. Hatakiwi kuamua kama unasema kweli. Anapima tu kama pana hoja inayostahili kesi kamili.

Kibali nacho si kitu kimoja. Jaji anaweza kukitoa bila masharti, au akuagize kwanza uweke fedha mahakamani au dhamana. Mahakama ya Juu ya India, katika shauri la IDBI Trusteeship dhidi ya Hubtown la 2016, ilizipanga ngazi hizi vizuri: utetezi mzito hupata kibali huru, unaowezekana lakini wenye shaka hutakiwa dhamana, hata ya deni lote, wa kupoteza muda hukataliwa, na sehemu ya deni uliyoikiri huiweka kwanza mahakamani. Uamuzi huo haulifungi benchi letu, ila sijaona mpangilio unaoeleweka kirahisi kuliko huo.

Rehani ina mlango mwembamba zaidi. Tangu mabadiliko ya 2008, mkopaji hupata kibali akionyesha kwamba mkopo, au sehemu inayodaiwa, umeshalipwa, au kwamba hakuuchukua kabisa. Mwenye ugomvi wa riba iliyokokotolewa vibaya, au mke ambaye hakuridhia nyumba iwekwe rehani, hakutajwa. Benki zilihitaji ulinzi dhidi ya amri za zuio za mahakama za kila Jumatatu, nakubali. Lakini kuzuia hoja ya kweli isisikilizwe kwa sababu haimo kwenye orodha ni kuvuka mpaka, na Bunge lingefaa kuifungua tena kanuni hiyo.

Kwa sasa, samansi ikifika dukani kwako, tafuta maneno "Amri ya XXXV" kabla ya kusoma kingine chochote. Ukiyaona, hesabu siku zako 21 kuanzia siku uliyopokea, na mpelekee wakili wako risiti na barua zote, si simulizi peke yake.