Kodi ya Mshahara Marekani (2): Fomu W-4 na Kazi ya Pili

Wiki iliyopita tuliona jinsi kodi inavyokatwa kabla mshahara haujamfikia mfanyakazi. Leo tuitazame fomu inayoamua kiasi cha makato hayo, W-4.

Aliyetoka Nairobi au Dar es Salaam hajazoea jambo hili. Huku kwetu PAYE hukatwa kwa viwango vya serikali na mfanyakazi haulizwi kitu. Marekani, mwajiri hukata kufuatana na ulichojaza siku ya kuajiriwa, siku ambayo wengi hutia sahihi kila karatasi wanayopewa bila kuisoma.

Mwenye kazi moja, asiye na mke wala watoto, hana la kuhangaika. Balaa ni kazi ya pili, na Waswahili wa kule wengi wanazo mbili: mchana ghalani, usiku kwenye nyumba ya wazee. Kila mwajiri huhesabu kana kwamba yuko peke yake, akakuondolea kiwango kisichotozwa kodi, kumbe kiwango hicho ni kimoja tu kwa mwaka.

Tuchukue viwango vya 2024. Mtu asiye na ndoa alisamehewa dola 14,600. Akilipwa 25,000 kila upande, kila mwajiri atakata 1,040, jumla 2,080. Lakini kodi halisi ya dola 50,000 ni 4,016. Aprili ikifika anadaiwa 1,936, na kwa kuwa deni limevuka 1,000, huenda akatozwa na faini juu yake. Hakudanganya mtu, kisanduku kidogo tu katika hatua ya pili ya fomu hakikutiwa alama. Angekitia kwenye fomu zote mbili, kila mwajiri angekata 2,008, na hesabu ingetimia bila kubaki hata dola.

Mbinu hiyo hufaa pale mishahara inapokaribiana. Ikipishana sana, utakatwa kupita kiasi. Hapo ni afadhali kutumia kikokotoo cha mtandaoni cha IRS, mamlaka ya kodi ya Marekani, kisha kuandika kwenye hatua ya 4(c) ya fomu nyongeza ya kukatwa kila malipo. Wapo wanaopenda kukatwa zaidi ili warudishiwe donge nono. Ni hiari yao, ila serikali haiwalipi riba kwa miezi yote iliyokaa na fedha zao.

Wenye watoto tutawafikia wiki ijayo. Wewe mwenye kazi mbili usingoje Desemba: fomu mpya hupokelewa wakati wowote, ila mwajiri anaweza kuchukua hadi mwezi hivi kabla ya kuanza kuitumia.