Dungusi Linalojisokota na Kalenda ya Choma

Vitabu vingi vya kulea madungusi vimeandikwa na watu wanaoiogopa Januari. Kwao Januari ni theluji: usimwagilie, ingiza mmea ndani, ngoja hadi jua lirudi. Mtu wa Choma, wilayani Igunga mkoani Tabora, akiyashika maelekezo hayo jinsi yalivyo, atalinyima dungusi lake maji wakati linapokua na kulinywesha Juni na Julai linapotaka kupumzika.

Kwa dungusi ninalolizungumzia hapa, kosa hilo halina udhuru. Wataalamu huliita Cereus forbesii, aina ya 'Spiralis'. Ni nguzo ya kijani inayoweza kumzidi mtu kimo, na mbavu zake haziendi wima bali hupanda zikizunguka shina, kama nyuzi za kamba ya katani. Asili yake si jangwa la Arizona. Ni Argentina, Bolivia na Paraguay, kwenye nchi za vichaka vya miiba zilizo kusini mwa ikweta kama Tabora, ambako mvua huja na joto mwishoni mwa mwaka na baridi huja na ukame katikati ya mwaka. Masika ya Tabora huanza Novemba hivi na kukatika Aprili au Mei. Kwa hiyo mmea huu ukifika Unyamwezi hauna haja ya kubadili majira yake.

Msokoto wenyewe hautokani na jua, wala haupatikani kwa kuzungusha chungu. Yaelekea unatoka ndani ya seli. Seli ya mmea inaporefuka, nyuzi za selulosi huizunguka na kuibana isinenepe ovyo, na mpangilio wa nyuzi hizo huongozwa na mirija midogo mno ya protini. Mwaka 2002 watafiti wa Nara, Japani, walieleza mimea midogo ya maabara, jamii ya Arabidopsis, iliyokuwa ikijisokota kuelekea kushoto kwa sababu ya badiliko dogo katika protini inayojenga mirija hiyo. Mirija ikiinama, seli hurefuka kwa mshazari, na kiungo kizima hupinda kikizunguka. Nalipenda jambo hili: huenda hitilafu isiyoonekana hata kwa darubini ya shuleni inatosha kuchonga nguzo nzima.

Ndiyo maana pia dungusi hili ni adimu. Ukipanda mbegu, si kila mche utajisokota. Njia ya uhakika ni kukata kipande cha shina lililokwisha kujisokota na kukiotesha, na mmea mmoja hautoi vipande vingi kwa mwaka.

Jirani wa kulinganisha naye yupo tayari, naye ni mnyaa. Wasafiri wa karne ya 19 waliopita njia ya misafara kutoka Bagamoyo hadi Tabora na Ujiji walikuta vijiji vya Unyamwezi vikiwa ndani ya ua wa minyaa, na hadi leo ua huo unazuia ng'ombe na kugawa viwanja. Mnyaa si dungusi. Ni wa ukoo wa mihogo na mibono, na utomvu wake mweupe ukiingia jichoni ni balaa. Osha kwa maji mengi na uende hospitali. Madungusi hayana utomvu mkali wa namna hiyo, na karibu yote ni ya Amerika. Aina moja tu, Rhipsalis baccifera, imefika Afrika bila kuletwa na mtu, nayo huning'inia kwenye matawi ya miti ya misitu yenye unyevu kama ile ya Usambara.

Koo mbili za mbali, lakini zimeishia kwenye maarifa yaleyale. Shina la mnyaa na shina la dungusi hufungua matundu yake usiku, hewa ikiwa imepoa, huvuta hewa ukaa na kuiweka akiba kama asidi. Kukicha hufunga, kisha hutengeneza chakula kwa akiba hiyo mchana kutwa bila kupoteza maji mengi.

Basi ukame wa Igunga hauliui dungusi. Kinacholiua ni maji yaliyotuama. Udongo mweusi wa mbuga, ule unaopasuka kiangazi na kugeuka tope masika, ni kaburi la mizizi yake. Changanya mchanga mkavu wa mto na kokoto ndogo, nusu kwa nusu na udongo mwepesi, katika chungu chenye tundu chini. Masika, mwagilia pale tu udongo unapokauka hadi ndani. Mvua ikishika siku mfululizo, sogeza chungu chini ya upenu wenye mwanga. Juni hadi Agosti maji yawe ya nadra sana. Mwanzoni mwa Oktoba jua la saa sita hupita juu ya utosi katika Tabora, na mmea uliozoea kivuli hubabuka na kubaki na kovu la kahawia lisilofutika. Uzoeshe jua kidogo kidogo, kwanza la asubuhi.

Kipandikizi kikatwe kwa kisu safi na kilazwe kivulini wiki mbili au tatu mpaka kidonda kikauke kabisa, kisha kisimikwe kwenye mchanga mkavu. Hapa wengi hushindwa kujizuia, wakamwaga maji siku hiyohiyo, na kipande kikaoza. Maji ya kwanza yangoje mizizi. Kisiki kilichobaki nacho hutoa machipukizi, nayo kwa kawaida hujisokota.

Anayetaka kuagiza mmea kutoka nje aanzie kwa Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu Tanzania, kwa sababu ya wadudu. Biashara ya madungusi kati ya nchi na nchi nayo ina masharti chini ya mkataba wa CITES. Mabaki ya shina usiyatupe porini. Ndugu yake, Cereus jamacaru, aliletwa Afrika Kusini kama pambo la bustani, na leo ni gugu linalopigwa vita kisheria.