Tochi Ndani ya Mkoba: Kitu Kidogo Kinachokufikisha Nyumbani

Lipstiki ipo, funguo zipo, simu ipo. Sasa ukishuka kituoni saa 3 usiku na mtaa mzima hauna umeme, nini kitakuonyesha njia? Mwezi huu tunakuchambulia namna ya kuchagua tochi ndogo ya kuchaji, ya kutembea nayo kila siku.

Hebu fungua mkoba wako sasa hivi uone kilichomo. Kipochi cha pesa, kitana, losheni ndogo, lipstiki mbili, leso, chaja, na pengine risiti za mwezi uliopita. Kwa kaka zetu, mfukoni kuna funguo, waleti na simu. Ukimuuliza yeyote kati yao kuhusu mwanga, jibu ni lile lile: "Si nina simu?"

Jibu hilo ni zuri mpaka siku litakapokuangusha. Fikiria hali ambayo wakazi wa Goba, Chanika au Bunju wanaijua vizuri. Umetoka kazini, foleni imekula saa mbili nzima, unashuka kituoni na giza limetanda. Chaji imebaki asilimia 9. Mbele yako kuna njia ya vumbi ya dakika kumi, mtaro ulio wazi upande mmoja na ukuta mrefu upande wa pili. Ukiwasha taa ya simu hapo, unafanya mambo matatu kwa mpigo. Unamaliza chaji ambayo ungemwitia bodaboda au kumpigia mwenzio. Unamtangazia kila aliyekaa gizani kwamba una simu mkononi. Na unabeba kitu kinachoteleza, ambacho kikidondoka mtaroni ndio basi tena, namba za watu na pesa zako vimekwenda nacho.

Kwa hiyo msimamo wetu ni huu: simu ni ya kuita msaada, tochi ni ya kuona njia. Usiziache kazi hizo mbili zigombee betri moja.

Usiseme pia kwamba mambo ya mgao yamekwisha. Ni kweli, miaka kama 2006 na 2011 ilitutesa, na tangu Bwawa la Julius Nyerere lianze kuzalisha umeme mwaka 2024 hali si ile ya zamani. Lakini nguzo huanguka mvua zikinyesha, LUKU huisha usiku wa manane, na vichochoro vingi havijawahi kuona taa ya barabarani.

SIYO ILE TOCHI YA BABU

Ukitaja tochi, wengine wanakumbuka ile ya bati yenye betri kubwa mbili, mwanga wa njano uliochoka, na betri zilizoanikwa juani asubuhi ili zisukume siku mbili zaidi. Shosti, hiyo imepitwa. Tochi nzuri ya leo inaweza kuwa na ukubwa wa kidole, ikakaa pembeni ya lipstiki wala usiisikie uzito.

Na usiidharau. Mwaka 2014, Isamu Akasaki, Hiroshi Amano na Shuji Nakamura walipewa Tuzo ya Nobel ya Fizikia kwa kazi ya taa ya LED ya bluu, ambayo ndiyo iliyofungua njia ya LED nyeupe tunazotumia leo. Mwaka 2019, Nobel ya Kemia ikaenda kwa John Goodenough, Stanley Whittingham na Akira Yoshino kwa betri ya lithiamu, aina iliyomo kwenye simu yako. Tochi ndogo ya kuchaji inazo zote mbili. Ni kipodozi gani mkobani mwako chenye Nobel mbili?

NAMBA KUBWA ZISIKUZUZUE

Ukizunguka Kariakoo utaona maboksi yameandikwa "lumeni 100,000" kwa mbwembwe. Lumeni ni kipimo cha mwanga wote unaotoka kwenye taa. Ile bulbu ya zamani ya wati 60 iliyokuwa sebuleni ilitoa lumeni kama 800. Sasa piga hesabu: tochi ya lumeni 100,000 ingekuwa sawa na bulbu 125 zimebanwa kwenye kitu cha ukubwa wa kidole. Ingekuwa kweli, usingeweza hata kuishika kwa joto lake. Hiyo ni namba ya kuuzia tu.

Hata kampuni zinazosema kweli zina lugha yao. Ule mwanga mkali kabisa hudumu dakika chache, kisha tochi inajipunguza yenyewe ili isiungue. Muda wa kuwaka unaoandikwa kwenye boksi, kwa kipimo kinachotumiwa na kampuni nyingi, huhesabiwa mpaka mwanga utakapoporomoka na kubaki asilimia 10 ya ule wa mwanzo. Na wakisema inamulika "mita 100", maana yake ni kwamba huko mwisho mwanga unalingana na ule wa mbalamwezi. Kwa kuona kitu vizuri, igawe namba hiyo kwa mbili.

Basi wewe unahitaji mwanga kiasi gani? Tuseme hivi:

Lumeni 1 hadi 5: kutafuta tundu la kitasa, kumbadilisha mtoto nepi usiku, kwenda chooni bila kumwamsha mwenzio.

Lumeni 30 hadi 100: kutembea mtaani, kupika umeme ukikatika, kutafuta kitu kilichoanguka chini ya kiti cha gari.

Lumeni 300 na zaidi, kwa sekunde chache: kuona nani amesimama getini, au mbwa anayebweka mwisho wa kichochoro ni wa nani.

Watu hukimbilia mwanga mkali na kusahau ule mdogo. Kumbe macho yanahitaji kama dakika 20 hadi 30 kuzoea giza barabara. Ukiyapiga mwanga mkali ghafla kisha ukazima, unabaki kipofu kwa muda. Tochi isiyo na mwanga mdogo haifai chumbani, na mama anayenyonyesha atakuthibitishia hilo.

Angalia na rangi ya mwanga. Ule unaoelekea bluu unaonekana mkali dukani, lakini unafifisha rangi za vitu. Mwanga uliopoa kidogo kuelekea njano unakuonyesha vizuri zaidi kama ile kahawia njiani ni kamba au ni nyoka.

BETRI NDIYO MOYO WAKE

Hapa ndipo pesa za wengi zinapopotelea. Sokoni utakutana na aina tatu.

Ya kwanza ni ile ya plastiki yenye plagi inayokunjwa kwa nyuma, unaichomeka ukutani moja kwa moja. Bei yake ni rahisi, lakini nyingi zina betri ya risasi na asidi, kama ndugu mdogo wa betri ya gari. Ukiiacha imeisha chaji wiki kadhaa, betri inakufa na hairudi. Kwa mtu anayeikumbuka siku umeme unapokatika tu, hiyo siyo.

Ya pili ina betri ya lithiamu iliyofungiwa ndani. Ni ndogo, nyepesi, na ndiyo inayokaa vizuri kwenye kipochi au kwenye funguo. Kasoro yake ni kwamba betri ikichoka, na tochi imeondoka nayo.

Ya tatu ina betri ya lithiamu unayoweza kuitoa na kuweka nyingine. Inayojulikana zaidi inaitwa 18650, yaani upana milimita 18 na urefu milimita 65. Inakaa na chaji nyingi, ila tochi yake inakuwa nene kidogo. Ipo na ndogo yake, 14500, yenye umbo la betri ya kawaida ya rimoti. Kuna tochi zinazokubali zote mbili, hii ya lithiamu na ile ya rimoti unayoinunua dukani kwa Mangi. Kwa anayesafiri mikoani, hiyo ni bomba: chaji ikiisha kijijini, duka la jirani linakuokoa. Hakikisha tu maelezo yake yanasema wazi kwamba inakubali zote.

Sikiliza siri hii. Betri halisi ya 18650 haivuki sana mAh 3,500. Ukikuta imeandikwa 9,900, irudishe mezani. Ni feki, na muuzaji anayeuza namba hiyo usimwamini hata kwenye vingine.

TUNDU LA KUCHAJI

Chagua yenye tundu la USB la aina ya C, lile unaloingiza waya upande wowote, ili chaja ya simu yako itoshe. Lakini kuna mtego: baadhi ya tochi za bei nafuu zina tundu hilo, ila zinakubali chaji kwa waya wenye kichwa kile kipana cha zamani upande wa chaja. Ukitumia waya wenye aina ya C pande zote mbili, hazichaji ng'o. Nenda na waya wako ujaribu hapo hapo dukani.

KABLA HUJALIPA

Ishike mkono mmoja, fumba macho, uiwashe. Kama unapapasa swichi dukani, kichochoroni itakuwaje?

Angalia inawaka na mwanga gani kwanza. Zile zinazoanza na kumetameta ovyo, au zinazokulazimisha kubonyeza mara tano ndipo upate mwanga wa kawaida, achana nazo.

Uliza kama inaweza kufungwa isijiwashe. Nyingine unabonyeza swichi kwa namna fulani, nyingine unalegeza kifuniko cha nyuma robo mzunguko. Siyo urembo huo. Tochi kali ikijiwasha ndani ya mkoba inaweza kuunguza kitambaa.

Tafuta alama ya maji. IPX4 inavumilia mvua. IPX7 inavumilia kuzama mita 1 kwa dakika 30, kwa hiyo hata ikitumbukia kwenye ndoo usilie.

Jaribu klipu au kamba yake. Ukiwa umevaa gauni au khanga isiyo na mfuko, kamba ya kuvaa mkononi ndiyo msaada wako.

UKISHAIPATA, ITUMIE KWA AKILI

Tochi si silaha, na hatutakudanganya kwamba inafukuza vibaka. Kinachofanya ni kukuwezesha kuona mapema, ukaamua mapema: kupita, kusubiri wenzio, au kurudi dukani penye watu. Mulika chini, hatua chache mbele yako, kisha mara moja moja inua mwanga uone mbali. Usimmulike usoni dereva wa bodaboda wala kijana wa ulinzi shirikishi. Mmoja atakugonga, mwingine atakushuku.

Betri ya akiba isikae mkobani bila kiboksi chake. Ikigusana na funguo au sarafu inaweza kupiga shoti na kuwaka moto. Iliyovimba au kutoboka usiichaji tena. Usichaji juu ya godoro, na ukipanda ndege betri ya akiba iwe kwenye mkoba wa mkononi, siyo kwenye begi la mizigo.

Ili usiisahau, ipe siku yake. Jumapili ya kwanza ya kila mwezi, ukiwa unapiga pasi nguo za wiki, ichomeke. Kama unaitumia kila usiku, fanya kila wiki.

ZAWADI AMBAYO HAINYAUKI

Kaka zetu, tuongee kidogo. Kila usiku unamtumia mchumba wako ujumbe: "Umefika?" Swali tamu hilo, na wengi wanaishia hapo hapo. Lakini umeshawahi kujiuliza anafikaje? Anapita wapi, anashuka kituo gani, simu yake huwa na chaji kiasi gani saa ile? Mwanaume anayejua majibu hayo ndiye anayestahili kuitwa wa ubavuni. Maua ni mazuri, manukato ni mazuri, lakini tochi unayomchagulia kwa kufikiria njia yake inamwambia kwamba umekuwa ukimsikiliza.

Nanyi kina dada, msingoje kuletewa. Mnunulie na mama, anayeamka usiku kwenda uani. Mnunulie mumeo, ambaye anajifanya haogopi giza huku kila wiki anajikwaa kwenye kizingiti. Na ndani ya nyumba mkubaliane sehemu moja ya kuiweka, ambayo hata mtoto anaijua, ili umeme ukikatika pasiwe na ile vurugu ya "nani kaichukua?"

Uamuzi ni wako. Ila leo jioni kabla ya kutoka ofisini, angalia chaji ya simu yako, kisha ufikirie ile njia ya kwenu kutoka kituoni. Ukiona hesabu hazikubaliani, pitia dukani kwanza, na usisahau kwenda na waya wako.